UZI: Mahmoud Kalari, kameramani wa Tehran anayejua pa kusimama

#1 Chemli (mleta uzi)

Wakuu salaam. Uzi huu nadaiwa tangu mjadala wa kamera mpya uliopita, pale mdau mmoja aliponiuliza, "Basi wewe unamkubali kameramani gani?" Nikamjibu kwa jina moja, Mahmoud Kalari, watu wakauliza ndiye nani. Leo nimekaa, niandike nimalize. Ni mrefu, mnivumilie.

Kalari ni Mwirani, mzaliwa wa Tehran, mwaka 1951. Kama umewahi kuona filamu moja tu ya Kiirani, huenda uliiona kwa jicho lake. Jodaei-ye Nader az Simin, yaani kutengana kwa Nader na Simin, ile ambayo duniani inajulikana kama A Separation, ilichukua Dubu wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Berlin, mwaka 2011, na mwaka uliofuata ikaipatia Iran Oscar yake ya kwanza. Mwongozaji ni Asghar Farhadi. Kamera aliishika Kalari.

Kwanza niseme kwa nini jambo hili linanigusa. Nimeshika kamera miaka 14, nikianzia harusi, kisha tamthilia. Mwaka wangu wa tatu tulipiga sini ya mama anayemuuguza mwanawe usiku. Nilitaka taa moja tu pembeni ya kitanda. Aliyekuwa na pesa akataka kila kona ya chumba ionekane, ukuta, kabati, pazia jipya alilonunua. Tukawasha taa nne. Picha ikatoka safi, haina chengachenga hata chembe, na mama yule hakumuuma mtazamaji yeyote. Niliijua kasoro lakini sikuwa na maneno ya kuieleza. Maneno niliyapata miezi kadhaa baadaye, nilipoona sini moja ndani ya zizi la ng'ombe huko Kurdistan.

Filamu ni ya Abbas Kiarostami ya mwaka 1999, Bad ma ra khahad bord, "Upepo Utatuchukua". Ilipigwa katika kijiji cha Siah Dareh. Mtu wa mjini, wanakijiji wanamwita Mhandisi, amekuja na wenzake kumsubiri bibi kizee afe ili warekodi desturi za msiba. Bibi hafi. Mhandisi anazunguka na siku zinakwenda. Siku moja anatafuta maziwa, anaelekezwa chini, kwenye zizi lililo kama pango. Giza. Kwa muda unaangalia weusi mtupu. Halafu anatokea binti na chemli. Tunaona mikono, gauni, kiwele cha ng'ombe, maziwa yakichuruzika ndani ya ndoo. Uso wa binti hatuuoni. Mhandisi anamsomea shairi la Forough Farrokhzad, lile lililoipa filamu jina, anamwomba ainue taa amwone. Binti hainui.

Wakuu, niliirudia sini hiyo mara nyingi usiku ule. Chemli moja inatosha pale kwa sababu aliyeipiga picha alikubali kwamba uso ule hautuhusu. Ni wa binti mwenyewe. Kameramani mwingine angeficha taa ndogo mahali atuibie walau shavu. Kalari amebaki na mikono na maziwa.

Jina langu humu jukwaani mnajua sasa lilikotoka.

#2 Chemli (mleta uzi)

Naendelea. Huyu mtu alitoka wapi?

Alianza na picha za mnato. Alisomea upigaji picha Marekani, akarudi, akawa mpiga picha wa habari, na kwa miaka kadhaa alifanya kazi na Sygma, wakala wa picha wa Paris. Ilikuwa miaka ya mapinduzi ya Iran, mitaa ya Tehran imejaa watu. Mpiga picha wa habari hawezi kumwambia mtu arudie kulia kwa sababu taa haikukaa vizuri. Tukio linatokea mara moja. Kazi yake ni kuwa amesimama pale panapotakiwa kabla halijatokea. Kwangu mimi ufunguo wa kazi yake yote umelala hapo.

Kwenye filamu aliingia katikati ya miaka ya 1980 na Jadeha-ye Sard, "Barabara za Baridi", ya Masoud Jafari Jozani. Ni habari ya mvulana anayekwenda milimani kwenye theluji kutafuta dawa ya baba yake. Theluji ni mtihani kwa kameramani, nyeupe inameza kila kitu. Kuanzia hapo hakurudi nyuma. Miaka ya 1990 alikuwa na mwongozaji Dariush Mehrjui: Sara, Leila, halafu "Mti wa Mpea" mwaka 1998, ambamo Golshifteh Farahani alionekana kwa mara ya kwanza akiwa bado binti mdogo. Wakati huohuo alikuwa na mwongozaji mwingine, Mohsen Makhmalbaf.

Hapo kwa Makhmalbaf tusimame. Mwaka 1996 zilitoka filamu mbili, mwongozaji mmoja, kameramani mmoja. Ya kwanza ni Gabbeh, kuhusu Waqashqai, wafugaji wanaohamahama na kusuka mazulia. Rangi humo zinakaribia kuwa na ladha. Kuna mjomba anafundisha watoto rangi ndani ya hema: ananyoosha mkono nje ya fremu kuelekea shamba la maua mekundu, mkono unarudi na ua. Ananyoosha mbinguni, kiganja kinarudi na buluu. Hakuna ujanja wa kompyuta, ni kukata tu shoti na kujua mkono uingie fremu kwa upande gani.

Ya pili ni Nun va Goldun, "Mkate na Chungu cha Maua". Makhmalbaf akiwa na miaka 17 alimchoma polisi kisu, wakati wa Shah, mfalme wa Iran kabla ya mapinduzi. Miaka ishirini baadaye polisi yule alijitokeza akitafuta nafasi ya kuigiza, na wakatengeneza filamu ya kulirudia tukio, kila mmoja akimfundisha kijana wa kumwigiza ujanani. Humu hakuna sherehe ya rangi. Kuna vichochoro vya Tehran, theluji, nguo za baridi. Halafu inafika shoti ya mwisho ambayo siwezi kuisahau: badala ya kisu unatokea mkate, badala ya bastola kinatokea chungu cha maua, katikati mwanamke, na picha inaganda hapohapo. Ni picha ya mnato. Aliyetoka kwenye picha za habari anarudi kwenye picha za habari, isipokuwa safari hii hakuna maiti.

#3 Pwani Lenzi

Kaka Chemli, uzi mtamu, lakini nina swali na nalileta kwa heshima. Utajuaje kwamba ni yeye? Kiarostami mwenyewe alikuwa mpiga picha. Zile shoti za mbali, gari likipanda vilima kwa kupindapinda huku sauti za waliomo zikisikika karibu kama wamekaa na wewe, zilikuwapo kwenye filamu zake za nyuma alizopiga na watu wengine, Homayun Payvar kwa mfano. Sisi huku Mombasa tukipiga kazi, mwongozaji akisema weka kamera hapa, tunaweka. Sifa hizi zingine ni za mwongozaji, unampa Kalari bure.

#4 Chemli (mleta uzi)

Pwani Lenzi, swali ni la haki na sehemu nakubaliana nawe. Gari na vilima ni vya Kiarostami, sibishi. Giza la zizini pia naamini waliamua pamoja.

Ila angalia upande wa pili. Mtu aliyemshikia Kiarostami kamera ikatulia kama jiwe, ndiye aliyeingia kwenye nyumba ya Nader na Simin kamera ikiwa mkononi, inapumua, inageuka pale mlango unapobamizwa. Ndiye aliyepiga Gabbeh. Ukimwondolea jina huwezi kudhani ni mtu mmoja. Wengine wetu tunapata mtindo mmoja, tunaubeba kila kazi kama sare: kila sini ina droni, kila sini ina mandhari ya nyuma yaliyofifishwa. Yeye anafika kwa kila mwongozaji mikono mitupu, anauliza habari hii inatakiwa ionwe na nani. Kwangu hicho ni kipaji kikubwa kuliko mtindo.

Na kuna kitu kimoja kinachojirudia kwa waongozaji wote hao, ndiyo maana nasema ni chake: kile asichokionyesha. Wasioiona filamu ya Nader na Simin waruke aya mbili hizi.

Inaanza mume na mke wamekaa mbele ya hakimu. Hakimu hatumwoni kabisa, tunasikia sauti tu, maana kamera imekaa kwenye kiti chake. Wanandoa wanajieleza wakitutazama sisi usoni. Kabla hujajua majina yao umeshapewa kesi. Baadaye Razieh, mama mjamzito aliyeajiriwa kumtunza baba mgonjwa wa Nader, anatoka mbio barabarani kumfuata mzee aliyepotea. Magari yanapita. Picha inakatwa. Tunaendelea na maisha ya nyumba ile bila kujua kwamba tumenyimwa kitu, na kitu hicho ndicho kesi yote. Halafu Nader anamsukuma mlangoni. Sisi tuko ndani. Ngazi hatuzioni. Alianguka? Alianguka vipi? Mashahidi wanabishana mpaka mwisho, na sisi tuliokuwapo hatuwezi kuwasaidia.

Uamuzi wa kuficha ni wa skripti, ndiyo. Lakini kamera ikisimama nusu hatua kulia, unaziona ngazi na filamu imekufa. Nusu hatua hiyo ni ya kameramani.

#5 Binti wa Malindi, Unguja

Assalaam alaykum. Mwanangu Chemli, Mungu akubariki. Mimi si mtu wa kamera, nimesomesha Kiswahili miaka mingi, sasa nimestaafu. Filamu za Waajemi nilianza kuziona kwenye Tamasha la Nchi za Jahazi, pale Ngome Kongwe, maana Iran nayo ni nchi ya jahazi na tamasha lile limeihesabu humo.

Nataka kuongeza jambo ambalo wanaume huenda mnalipita. Iran tangu mapinduzi, mwanamke kwenye filamu hafunui nywele, hata akiwa jikoni kwake, hata akiwa amelala. Mume na mke hawashikani mikono. Sasa fikirieni mtu anapewa kazi ya kupiga picha ndoa inayovunjika ndani ya nyumba, na kila mtu anajua kwamba nyumbani kwake mwanamke hakai na ushungi mbele ya mumewe. Atapata wapi ukweli? Mimi naona aliupata kwenye milango na vioo. Mtazameni Simin, mara ngapi yuko upande wa pili wa kioo, au anaonekana nusu kwa mwanya wa mlango. Mume yuko chumba hiki, mke chumba kile, kamera imesimama koridoni. Hawagusani, na kila mtu anaona kwamba hawagusani, na inaumiza.

Nikaja kuona ile aliyopiga Ufaransa na mwongozaji huyohuyo mwaka 2013, inayoitwa "Yaliyopita". Huko hakuna sheria ya ushungi. Na bado inaanza na kioo! Mke amekwenda kumpokea mume uwanja wa ndege, wanazungumza kila mmoja upande wake wa kioo, hawasikiani.

Neno letu "dirisha" lilitoka Uajemi, dariche kwao, mlango mdogo. Nilikuwa nikiwaambia wanafunzi. Nilipowaona watu wale wakitazamana kwenye kioo nililikumbuka neno lile kwa namna nyingine kabisa.

#6 Chemli (mleta uzi)

Shikamoo mama. Sikuwahi kuliona jambo la ushungi na vioo pamoja. Nilidhani vioo ni vya kupendezesha fremu. Nitairudia "Yaliyopita" wiki hii nikiwa na maneno yako. Ahsante sana.

#7 Reli ya Zamani

Hamjambo wadau, niko Nairobi. Mimi napenda vitu vya vitendo. Huyu mzee alikuwa anatumia vifaa gani? Na je, amewahi kupiga kitu mahali ambapo hana ruhusa ya kujitanua? Sisi kupiga barabarani bila kufukuzwa ni shida.

#8 Chemli (mleta uzi)

Reli ya Zamani, la vifaa nitakujibu kwa filamu moja, "Ofsaidi" ya Jafar Panahi, mwaka 2006. Kalari hakuwa peke yake kwenye kamera ile, ila jina lake limo.

Wasichana wa Tehran wamevaa kama wavulana ili waingie uwanja wa Azadi, maana wanawake walikuwa hawaruhusiwi. Mechi ni ya kweli, Iran na Bahrain, Juni 2005, ya kufuzu Kombe la Dunia. Walipiga kwa kamera ndogo ya dijitali wakati watu wanamiminika uwanjani kwelikweli. Kamera kubwa ya milimita 35 na watu ishirini nyuma yake ingezuiwa getini. Vifaa vyake vilichaguliwa na mahali.

Wasichana wanakamatwa, wanafungiwa kwenye kizuizi cha vyuma nje tu ya majukwaa. Uwanja wote unanguruma mgongoni mwao. Na kamera inafanya nini? Inabaki nao. Nawe unajua kwamba kwa hatua chache tu ungeuona mpira, lakini hupelekwi. Askari mmoja anachungulia kwenye mwanya na kuwasimulia mchezo. Nilipoitazama mara ya kwanza niligundua nimeinua shingo mbele ya televisheni yangu, natafuta mpira. Mtu amenifanya nione kufungiwa kulivyo, bila hotuba. Iran ilishinda 1-0. Filamu yenyewe haikuruhusiwa kuonyeshwa nchini mwao. Wanawake wa Iran walikaa kwenye majukwaa ya Azadi kwa mechi ya kufuzu Kombe la Dunia mwaka 2019, dhidi ya Kambodia, Iran ikafunga 14 bila.

Narudi kwenye swali lako. Kupiga barabarani bila kufukuzwa, jibu lake naona ni lilelile la mpiga habari: uwe mdogo, uwe umeshajua pa kusimama, usimwombe mtu arudie.

#9 Mkono wa Kushoto

Mkuu, umeisahau "Samaki na Paka"? Mahi va Gorbeh, 2013, ya Shahram Mokri. Hiyo ndiyo iliyonipeleka mimi kwa Kalari. Dakika 134, shoti moja. Hakuna mkato hata mmoja tangu inaanza mpaka inaisha. Wanafunzi wamepiga kambi karibu na ziwa kwa ajili ya tamasha la kurusha tiara, na jirani kuna mgahawa wenye wapishi wa kutisha. Mzee alikuwa ameshavuka miaka 60! Mimi nina 27, nikishika kamera dakika kumi mkono unatetemeka.

Na haikuwa kutembea tu. Kamera inamfuata mtu, inamwacha kwa mwingine, inazunguka msituni, ghafla unasikia mazungumzo uliyokwisha kuyasikia, umeyarudia kutoka upande wa pili. Saa zimejikunja na picha haijakatwa. Tamasha la filamu la Venice waliipa tuzo maalumu kwenye kitengo cha Orizzonti.

#10 Chemli (mleta uzi)

Sikuisahau, nilikuwa naiogopa. Nikiri kwamba nusu ya kwanza ilinichosha mara ya kwanza. Mara ya pili niliacha kufuata habari, nikafuata miguu ya kameramani. Hapo ikanifungukia. Kila kona ilibidi ijulikane kabla: huyu atatokea nyuma ya mti gani, jua litakuwa wapi dakika ya 90, nani ajibanze asionekane wakati kamera inageuka. Mwanga wa nje haukusubiri, na huwezi kurekebisha kesho. Mkosi mmoja dakika ya 120, unaanza upya. Ni tukio linalotokea mara moja tena, kama Tehran ya ujana wake, isipokuwa safari hii wamelitengeneza wenyewe.

Nilisahau kusema pia kwamba mwaka 1997 aliongoza filamu yake mwenyewe, Abr-o Aftab, "Wingu na Jua", na kwamba Simorgh ya Kioo ya tamasha la Fajr, tuzo kubwa ya kwao, ameichukua zaidi ya mara moja. Kwenye mazungumzo haya hayo ni madogo.

#11 Pwani Lenzi

Kaka, nimerudi. Jana usiku nimeitazama tena ya Nader na Simin kwa ajili ya ile nusu hatua yako. Mlangoni pale nilisimamisha picha. Ni kweli, ngazi zimekatwa na fremu ya mlango. Bado nasema mwongozaji ndiye aliyetaka. Lakini nimeelewa kwa nini hukulala.

Swali moja la mwisho. Wiki ijayo nina sini ya usiku, bibi anawahadithia wajukuu, umeme umekatika. Mwongozaji ameniachia mwanga niamue mimi. Nina taa mbili za LED na karabai ya marehemu babu yangu. Wewe ungefanyaje?

#12 Chemli (mleta uzi)

Karabai itakupa mwanga mkali sana na mweupe, na ina mvumo utakaoingia kwenye sauti. Tafuta chemli. Mweke bibi aishike au aiweke sakafuni kati yake na watoto, uone nyuso zipi zinapata mwanga zenyewe. LED moja ielekeze ukutani nyuma yako, uipunguze mpaka uhisi kama haipo, iwe ya kuinua giza kidogo tu kamera isijae chengachenga. Nyingine iache kwenye gari, usije ukashawishika.

Halafu kabla ya kupiga, kaa chini pale walipokaa wajukuu. Usimame baada ya kumsikiliza bibi hadithi nzima mara moja, bila kamera. Kama kuna mjukuu ambaye uso wake haupati mwanga, muulize mwongozaji kama lazima aonekane.

Ukimaliza tuletee shoti hapa tuione.